Siku Niliyojaza Skrini za Mama Nyibol

Mnicheke polepole, bado nina aibu. Mimi ni fundi wa kompyuta Lodwar. Wiki jana Mama Nyibol aliniita Kakuma nimtengenezee printa kwenye kibanda chake cha gemu, akaniacha na wateja, akaenda mazoezi ya kwaya.

Hata printa sijaifungua, kijana mmoja akalalamika, "Fundi, hizi gemu zimekataa kujaa skrini. Mpira tunauona kama punje ya mtama."

Kweli, kila gemu ilikuwa imejibana juu, na chini yake kisaa kidogo kinahesabu dakika. Mtu mwenye akili angeuliza dakika za nini. Mimi nilidhani ni za mechi. Kisaa kilipong'ang'ania kubaki hapo, nikakifuta kwenye kompyuta zote nne. Gemu zikajaa skrini hadi pembeni!

"Fundi, wewe ni moto!" Wakanipigia makofi, nami nikaanza kuwahutubia kuhusu ufundi wa kisasa. Printa nikaisahau kabisa.

Mama Nyibol akarudi, akaganda mlangoni. "Fundi, saa yangu iko wapi?"

Kumbe kila mteja hulipia nusu saa, na kisaa kile ndicho humwambia mama nani muda wake umeisha.

"Nani amemaliza?" akauliza.

"Tumekaa sasa hivi tu, mama," wakajibu wote. "Muulize fundi."

Mama akavuta kiti, akakiweka katikati ya kibanda.

"Kaa hapa, fundi. Leo wewe ndio saa."