Abakosti ya Shefu

Mara tatu Kisimba aliomba konji, ruhusa ya kutoka kazini, akacheze katika filamu za kuchekesha zinazotengenezwa na mapadri, na mara tatu Shefu Mwilambwe akakohoa kwanza, kama kawaida yake, kisha akamjibu mbele ya biro nzima: "Wewe ni karani wa bandari, si muchekeshaji!" Wenzake wakacheka. Kisimba akaimeza aibu hiyo, akawa anacheza Jumapili tu.

Siku moja akamwendea kwa adabu. "Shefu, mapadri wamenipa kucheza mukubwa. Uniazime ile suti yako ya abakosti, ile ya kijivu, watu waone mukubwa wa kweli." Shefu akavimba kichwa, akampa.

Filamu ikaonyeshwa kwenye ukumbi wa mapadri, baada ya misa. Shefu alikaa mbele kabisa na mke wake. Hapo akajiona kwenye filamu: abakosti yake, tumbo lake, kikohozi chake kabla ya kila amri, na huyo mukubwa akificha chini ya meza samaki alizomnyang'anya mjane mmoja. Aliyecheka wa kwanza alikuwa Mama Mwilambwe, mke wake mwenyewe.

Jumatatu Kisimba aliirudisha, imefuliwa na kupigwa pasi. "Asante, Shefu. Ilinikaa vizuri."

Shefu hakuwa na abakosti nyingine. Siku ya defile, gwaride la sikukuu, akapita nayo mbele ya watu, na mji mzima wa Kalemie ukakohoa.