Fundi wa Mtambile Atoa Wimbo

Fundi cherahani wa Mtambile huzungumza na pini mdomoni, kwa hiyo watu wamezoea kumsikia nusu nusu, na neno pekee analolitamka vizuri ni "kesho". Mguu wake hukanyaga cherahani kwa mapigo ya hip-hop, ndiyo maana mishono yake hukimbia, ikasita, ikakimbia tena. Siku redio ilipopiga wimbo wake wa kwanza alizitema pini zote kiganjani, akafungulia sauti mpaka mwisho, akasimama mlangoni kungoja watu waje kumpa mkono. Alikuja Bi Mwanawema, aliyemletea kitambaa cha gauni la arusi ya bintiye tangu kabla ya Ramadhani, na nyuma yake wanawake wanne ambao vitambaa vyao vimo humo humo dukani.

"Fundi, ndiwe huyo usemaye 'mimi umeme, nikiahidi sichelewi'?"

"Ndimi, Bi Mwanawema," alijibu, moyo umemjaa furaha.

"Basi arusi keshokutwa. Kaa kitako."

Akakaa. Wanawake wakamzunguka, wakamwimbia kiitikio chake kwa makofi, "Sichelewi, sichelewi," na kila alipopunguza mwendo wao walizidisha. Kabla ya alasiri gauni lilikuwa tayari, mishono imenyooka yote. Alilikabidhi jasho likimtiririka, kisha akauliza kwa haya kama wimbo wenyewe umempendeza.

"Mzuri mno, mwanangu," alisema Bi Mwanawema akilikunja gauni. "Sasa tunga mwengine, wa suruali za mume wangu."