Mama Mkwe Aliyenyoa Masharubu

Miaka michache kabla ya uhuru, Anaclet Onema aliendesha mashine ya sinema ya misheni pale Kindu, mji wenye bandari ya mtoni. Filamu za mapadri zilikuwa zile ambamo mlevi hufa na anayenawa mikono hupata baiskeli. Watu walitazama, wakaenda zao kimya. Anaclet alitamani wacheke.

Mzungu mmoja wa reli, aliporudi kwao, alimwachia kamera ndogo na mikanda. Anaclet akatunga hadithi ya bwana harusi anayejiita karani mbele ya mama mkwe, kumbe hupakia magunia bandarini. Wenzake wa kwaya wangecheza. Mama mkwe angekuwa Hadidja, mjane muuza vitumbua sokoni Kasuku, mwenye ulimi mkali.

Siku ya kuanza, akaja kaka yake Hadidja, Asumani.

"Dada yangu hatatazamwa na muji muzima juu ya shuka ya sinema. Tumemaliza."

Anaclet akaamua kumcheza mama mkwe yeye mwenyewe. Alinyoa masharubu, akaenda kwa Hadidja kuomba kikwembe cha kujifunga kiunoni na mafunzo.

"Usitembee kama mwenye kukimbia mvua," Hadidja alimwambia, akicheka hadi machozi. "Mama mukwe hana haraka. Watu njo wanamungojea."

Kamera akampa Godefroid wa kwaya, aliyekata vichwa vya watu katika nusu ya picha. Mikanda ikaenda Ulaya kusafishwa, ikarudi masika yamekwisha.

Padri wa misheni akataka filamu imalizikie kwa neno la kukemea uongo.

"Mupe," Anaclet akamwambia padri, "hii haina fundisho. Iko tu namna tunaishi."

Padri akamnyang'anya funguo za mashine. Kazi ikaisha hapo, na Anaclet aliumia, maana mashine ile aliipenda.

Mgiriki mmoja mwenye duka na mashine yake mwenyewe ndiye aliyemwonyeshea filamu uani kwake. Mama mkwe alipoitazama miguu ya bwana harusi, yenye vumbi la magunia, uwanja mzima ulilipuka kwa kicheko. Asumani alikuwamo, amemshika jirani ili asianguke kwa kucheka.

Asubuhi akabisha hodi kwa Anaclet.

"Ule si wewe. Ule njo dada yangu, na sura yako ni mbaya. Acheze mwenyewe."

Hadidja akacheza katika filamu mbili zilizofuata, naye Anaclet akazipeleka mpaka kule Tunda, mbali na Kindu. Mwenyewe alijibakizia vijisehemu: katekista, askari, na mara moja maiti, ambayo Godefroid, kwa bahati, aliipiga picha ikiwa nzima, pamoja na kichwa.