Mawe ya Kusagia Chini ya Daraja

Walisema sitaweza. Nilipoacha kazi ya ulinzi hapa Doha nikarudi Kenya kusomea diploma ya kuongoza watalii, wenzangu wa chumbani, mtaani Najma, walicheka mpaka chai ikamwagika. "Wewe soja, utamwonyesha nani nini? Geti?" Basi, rafiki yangu, nilirudi Doha na diploma yangu, na leo hao hao huniomba niwaandikie barua za kazi. Katika mitaa ya kale ya Al Wakrah, mji wa pwani kusini mwa Doha, hakuna anayesimulia kuta na bandari kama mimi. Nasema hivyo bila haya.

Haya ninayo kwingine.

Juzi mama mmoja mzee wa Kiingereza alinionyesha kwenye simu picha ya kijiji chake. Kabla hajafungua ya pili nikamtajia yaliyobaki: bwawa la bata, kanisa la mnara mfupi, kinu cha maji, msalaba wa mawe wa askari waliofia vitani. "Umewahi kufika kwetu?" akauliza. Nikacheka tu. Ningemwambiaje kwamba kijiji kama chake nilikiiba nikiwa darasa la sita?

Mwalimu wetu alitupa insha, historia ya kijiji chetu, na mshindi angeisoma mbele ya wazazi. Nyanya, aliyenilea, aliacha kupalilia maharagwe Jumamosi nzima anitembeze. Mfukoni alikuwa na viazi vitamu vya kuchemsha, vingali moto. Tulimalizia mtoni, penye harufu ya matope na majani yaliyokanyagwa na ng'ombe, chini ya daraja la mawe.

Zamani, alinieleza, mto ulimchukua mtoto aliyekuwa akienda shule. Wanawake wakabeba mawe ya kujenga daraja, hayakutosha. Ndipo kila mmoja akaleta jiwe lake la kusagia, akalichonga alama, likapangwa ukutani.

"Hatukuyatoa," alisema. "Tuliazimisha. Serikali ikijenga lake, kila mtu atarudishiwa."

Akaanza kunionyesha alama: msalaba wa jirani yetu, mistari miwili ya mkunga, jani la mama wa kilimani. Kabla hajamaliza nilisikia wenzangu wakipiga mpira. Nikakimbia.

Mawe ya kusagia! Niliona aibu kuandika mambo ya jikoni. Kwenye kabati la shule kulikuwa na kitabu cha zamani cha Kiingereza, habari za kijiji kimoja cha huko. Nikakitafsiri, nikabadilisha jina tu. Nikashinda.

Siku ya wazazi nilisoma bwawa la bata na kinu kwa sauti ya kujigamba. Nyanya alikaa mstari wa mbele na leso yake ya Jumapili, akapiga makofi mpaka mwisho. Tulipofika darajani tukirudi nyumbani, akasimama.

"Umesoma vizuri, mjukuu wangu. Hicho kijiji kina daraja?"

"Kina, Nyanya."

"Walilijenga akina nani?"

Kitabu hakikusema. Akanipa kiazi, tukaendelea kutembea. Hakuuliza tena maishani mwake.

Alifariki nikilinda mlango wa watu huku Doha.

Likizo iliyopita nilikuta daraja pana la zege. La zamani limebomolewa, mawe yametupwa kando ya barabara, vijana wanayakalia wakichezea simu. Nikakodi mkokoteni, nikapakia yale yenye alama. Nilipita geti kwa geti nikiuliza alama ya kila nyumba, mimi na diploma yangu, jasho likinitoka. Mjukuu wa mkunga alicheka. "Sasa hili nilifanyie nini, kaka, na unga uko dukani?" Nilipomweleza lilitoka wapi, alilipangusa kwa upindo wa leso.

Likabaki jiwe moja, lenye duara dogo na nukta katikati. Nilizunguka nalo kijiji kizima, nikawauliza wote. Hakuna aliyelijua, kila nyumba ilikuwa imeshapata lake. Nilisimama njiani nikijilaumu: ni nani huyu niliyemsahau?

Kisha nikakumbuka alama ambayo sikungoja kuonyeshwa.

Nikageuza mkokoteni kuelekea kwetu, mpaka nyuma ya shamba la maharagwe, ambalo sasa ni magugu matupu. Nikaliweka kichwani pa kaburi la Nyanya. Siku hiyo kila aliyeazimisha alirudishiwa chake, na yeye ndiye niliyemlipa mwisho.