Mazishi ya Mzungu Kwenye Ghala la Pamba

Kitabu hiki cha historia ya sinema za Uingereza nilikikuta kwenye meza ya vitabu vikuukuu, nikakinunua kwa sababu ya picha moja tu: jeneza jeusi, mvua, na Wazungu wanane wenye kofia ndefu, wamenyamaza. Picha ile niliijua. Hata harufu ya vumbi la pamba ilinirudia puani.

Nilikuwa na miaka tisa. Tulikuwa tumehamia kijiji kipya cha ujamaa, upande wa Chanzuru, na babu alifariki kabla hata hatujamaliza kuezeka nyumba. Mwaka uliofuata gari la sinema lilikuja Kilosa mjini, bibi akanichukua, tukaenda kwa miguu. Sinema ilionyeshwa mchana ndani ya ghala la pamba, madirisha yamezibwa kwa magunia. Mimi nilikuwa nimeshawatambia wenzangu kwamba nitawasimulia yote mpaka mwisho.

Mfasiri, kijana wa mjini mwenye kipaza sauti, alitueleza kwa Kiswahili kwamba tajiri mmoja wa Uingereza amekufa na sasa anazikwa. Jeneza likapita. Hakuna aliyelia, hakuna aliyecheka.

"Huyu hana watani?" bibi akauliza kwa sauti.

Kwetu maiti haizikwi bila watani, wale wenye ruhusa ya kumcheka marehemu mbele ya wafiwa na kuzuia kaburi mpaka wapewe chochote. Bibi alijifunga kanga kiunoni, akaenda kusimama mbele ya kitambaa cha sinema, kivuli chake kikaangukia jeneza.

"Hazikwi mtu hapa. Alikuwa mchoyo huyu, kofia ndefu, chai hakutunywesha hata siku moja. Leteni kuku kwanza."

Ghala zima liliangua kicheko. Mwenye mashine ya sinema akaizima, akasema bibi asipokaa anafunga vyombo vyake na kuondoka. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nilimwonea bibi haya, na nikiri kwako msomaji, nilimchukia kidogo. Yeye hakutikisika.

Mfasiri ndiye aliyetuokoa. Aliinua kipaza sauti chake. "Shikamoo bibi. Wafiwa wanasema kuku yupo, wanaomba njia."

"Marahaba. Haya, mzikeni."

Mashine ikawashwa, Mzungu akazikwa kwa vigelegele. Niliiona sinema mpaka mwisho, ingawa wenzangu walitaka kusikia habari za bibi tu.

Sasa bingwa wa historia aliyetunga kitabu hiki ameandika chini ya picha kwamba mazishi haya yalitazamwa kwa ukimya kila yalikoonyeshwa. Nilicheka peke yangu mpaka machozi. Kisha nikakumbuka mazishi ya babu. Watani wetu walikuwa wamebaki kule tulikohama, habari haikuwafikia kwa wakati, tukamzika bila neno moja la mzaha. Bibi alikaa pembeni, kimya kama hao wenye kofia.

Miaka yote nilidhani kwamba ghalani bibi aliidhania picha kuwa kweli. Sasa naona alijua fika kuwa ni picha; mzaha ule ulikuwa wa babu. Nimechukua kalamu, na chini ya maneno ya bingwa nimeandika jina la babu.