Marehemu Analalamikia Mguu

Suzanne wa Swima alijifunza Kinyarwanda kwa sababu ya siagi. Kwa miaka mingi alipanda milima mpaka Bibokoboko na kikapu cha ndagala, dagaa wakavu wa ziwani, kichwani, akarudi na siagi na maharagwe. Wanawake wa kule hawakusikia Kibembe, lugha yake, naye hakutaka kupunjwa. Basi akaketi nao, akawasikiliza, mpaka siku moja akajikuta anagombana nao kwa lugha yao wenyewe. Hapo akajua ameiva.

Magoti yalipoanza kumsumbua aliiacha milima. Masera Godelieve, mtawa aliyesimamia dispanseri ya misheni pale Baraka, akamwajiri awe mkalimani. Masera alikijua Kiswahili, lakini wagonjwa wengi wa milimani, hasa wanawake, hawakukijua. Kazi ya Suzanne ilikuwa kusimama katikati, asikie huku na kusema kule. Alijisifu kwamba haongezi wala hapunguzi: maneno yalivyoingia, ndivyo yalivyotoka.

Mchana mmoja wa kiangazi, mwaka 1956, aliingia mwanamke wa milimani, vumbi limempanda mpaka magotini. Aliitwa Bazubagira, mke wa mfugaji Azarias. Suzanne akamkalisha kwenye benchi, akampa maji, akamuuliza habari.

"Mume wangu," Bazubagira alisema kwa Kinyarwanda, "udongo umempokea."

Suzanne akashika kichwa. Kwao Swima, mtu akishapokewa na udongo, wenye majembe wameshamaliza kazi na wanakwenda kunawa. Akamgeukia Masera.

"Masera, bwana ya huyu mama alikufa. Bamemuzika."

Masera akafanya ishara ya msalaba. "Pole sana, mama. Ilikuwa lini?"

"Jana," Bazubagira akajibu.

"Alikuwa mugonjwa?"

"Hapana. Alikuwa anafuata ng'ombe kwenye mteremko."

"Sasa iko nataka nini kwetu?"

Suzanne akauliza, akapata jibu, akakaa nalo kidogo kabla ya kulitoa. "Iko naomba bantu ya machela. Bamubebe, bamulete hapa."

"Muntu bamemuzika, bamulete hapa kufanya nini?"

"Anasema umuangalie."

Masera alichukua kalamu. Alikuwa amekaa nchini vya kutosha kujua kwamba kuuliza kuna faida kuliko kukataa. "Muulize iko namna gani sasa."

Bazubagira alieleza kwa kirefu, mikono yake ikipanda na kushuka. Suzanne alijifuta uso kwa pembe ya kitenge. Kwa kuwa alikuwa mtu asiyeongeza wala kupunguza, akasema:

"Masera, marehemu analalamika."

"Analalamika nini?"

"Muguu."

Masera akaweka kalamu chini. Mzee mmoja wa milimani, aliyekuwa mlangoni akisubiri dawa ya kifua, aliacha kukohoa.

"Suzanne, muulize kama bwana yake anapumua."

Suzanne akauliza. Bazubagira akamtazama kama anayetazama mtu aliyepigwa na jua. "Kwa nini asipumue? Alfajiri amekunywa maziwa. Akasema ni ya baridi."

Hapo ndipo Suzanne alipomkumbuka Mukankuranga, mwenyeji wake wa zamani kule Bibokoboko, ambaye siku zote aliita mvua "ile inayoshuka". Suzanne alidhani ni mapambo ya maneno tu, mpaka alipoambiwa kwamba mke wa kule hatamki jina la baba mkwe wake, wala neno lolote linalofanana nalo.

"Baba mkwe wako anaitwa nani?" akamuuliza Bazubagira.

Bazubagira akainamisha macho, akafunga mdomo.

"Ni Ntagwabira," alisema yule mzee wa mlangoni. "Kila mtu anamjua."

Na ndani ya jina hilo limekaa "gwa", neno la Kinyarwanda la kuanguka. Azarias alikuwa ameteleza kwenye mwamba, akaanguka, akavunjika mguu. Mkewe alitoka nyumbani kabla ya jua kuchomoza, aje kutafuta msaada, akihitaji neno moja tu, na ndilo hilo asiloweza kulitamka; ndipo akasema udongo umempokea.

Suzanne aliona haya mpaka masikio yakawa moto. "Masera, nimezika muntu muzima."

"Basi umufukue," Masera akasema. "Upesi."

Wabebaji wa machela wakapatikana. Suzanne akapanda nao na Bazubagira, magoti na yote, ingawa hakuna aliyemtuma. Walimkuta Azarias ameegemea ukuta wa nyumba, mguu umevimba, anawapa wachungaji amri. Wakamfunga vizuri, wakaanza kushuka.

Lakini kuna mtu aliyeondoka dispanseri baada ya "alikufa" na kabla ya "analalamika", naye alikwenda na habari yake sokoni. Katikati ya njia machela ilikutana na ndugu za Azarias waliokaa Baraka, wanakuja wanalia, mikono kichwani. Azarias akainua shingo.

"Nani amekufa?"

Wakatazamana. Mwishowe shangazi yake akasema, "Ni wewe."

Azarias akalifikiria jambo hilo. "Nani amesema?"

"Mimi," Suzanne alisema. "Nilielewa vibaya. Unisamehe."

Azarias aliomba maji, akanywa, kisha akamgeukia mkewe. "Si ungesema tu nimeanguka?"

"Na baba yako angesema nini?"

Azarias akautazama mguu wake mpaka wakamaliza kona nzima ya njia. "Ulisema vizuri," akasema.

Masera aliunyoosha mguu, akaufunga kwa mbao. Ulipona ukiwa mfupi kidogo, na Azarias akarudi kwa ng'ombe wake akichechemea. Mzee Ntagwabira aliposimuliwa alicheka mpaka akashikwa asidondoke, kisha akamruhusu mkwewe: siku ya ugonjwa, atamke neno lolote. Bazubagira alimshukuru kwa heshima, wala hakuitumia ruhusa ile.

Suzanne alitaka kuacha kazi. Masera alimwambia aje kesho kama kawaida, naye akaja. Tangu hapo, kila mwanamke wa milimani alipoingia, Suzanne alimtafuta kwanza aliyemsindikiza, akamuuliza jina la baba mkwe, ndipo akauliza panapouma. Kule juu ikasemwa kwamba dispanseri ya Baraka ina watu wenye adabu. Wanawake waliokuwa wakikaa na maumivu yao nyumbani wakaanza kushuka.