Siku Baba Alipovuta Kamba

Juzi niliona watoto wa shule wakivuta kamba uwanjani Ipinda, nikasimama kuwatazama mpaka mwisho. Nilikumbuka alasiri moja pale Mwaya, Wajerumani wakiwa bado wanatawala, nami binti mdogo niliyekuja mjini na baba kuuza vyungu alivyofinyanga mama.

Mbele ya boma palikuwa na sherehe. Tarumbeta zililia, na hewa ilinuka vumbi na samaki wakavu. Askari walileta kamba nene, wakawaita wanaume wa sokoni washindane nao. Baba akavua shuka lake, akaishika ile kamba.

Mimi kamba ya askari nilikuwa nimeiona kwa kazi moja tu: kuwafunga wanaume waliopelekwa kubeba mizigo. Walipoanza kuvuta nilimpigia baba kelele kwa kwetu, "Tata, usiende nao!" Nikamkumbatia kiunoni, nikakita visigino mchangani na kuvuta huku nalia. Watu wakaangua kicheko. Askari wa mbele naye akacheka, akateleza, na wenzake wakaangukiana. Upande wetu ukashinda.

Njiani nilimwuliza baba kwa nini wamemwachia.

"Ulikuwa mchezo tu, mwanangu. Tulikuwa tunapimana nguvu."

Nikaona aibu, nikamwambia nilidhani wanamchukua. Baba hakucheka. Tulipozipita nyumba za mwisho za mji, aliniinua begani.

"Hata mimi nilipoishika nilidhani hivyo hivyo," alisema. "Ndiyo maana nilivuta vile."